Nyuma ya Amri

Mimi ndiye mpiga muhuri.
Baraza letu liko ghorofa ya pili, juu ya duka la miwani,
na ukiinama kidogo dirishani utaziona Pembe za Ndovu:
bati tupu, miaka nenda miaka rudi hazijamchoma mtu.
Nimezitazama zaidi ya inavyonifaa.

Siku ya hukumu Bi Mwanamkasi alikuja na buibui jipya.
Friji aliinunua kwa Kitsao Ngumbao wa Makupa,
elfu thelathini na nane, zikahesabiwa mara mbili,
agandishe ukwaju, awauzie watoto wa shule Tononoka.
Ikaganda siku tisa. Ya kumi ikatoa moshi.
Mwenyekiti akasoma: arudishiwe zote, ndani ya siku thelathini,
pamoja na ujira wa mkokoteni.
Nikampigia muhuri mara mbili;
ule wa kwanza wino ulikuwa hafifu.

Thelathini zikapita. Sitini.
Akarudi na karatasi, mikunjo imeanza kutoboka.
"Nimempelekea," akasema. "Ameisoma yote, mpaka tarehe.
Kisha akaiomba nakala, afungie bajia."

Tukamwita Kitsao. Akaja na wakili wa viatu vyenye sauti.
Wakili hakusema friji ni nzima.
Hakusema pesa zimelipwa.
Alisema baraza hili lina uwezo wa kuamua, halina uwezo wa kuadhibu;
kifungu mnachokishika ni cha sheria iliyofutwa,
na hii mpya imekisahau, au imekiacha makusudi.
"Nendeni mahakamani mkaazime meno."
Alipotamka meno alicheka kidogo,
nami nikageukia dirishani.

Kesi ndani ya kesi. Miezi minne
watu wazima walibishania mkato,
na neno "au" lililokaa kati ya faini na kifungo,
kama bado lina pumzi au lilizikwa na sheria yake.
Hakuna aliyetaja ukwaju.

Asubuhi moja Bi Mwanamkasi aliiacha amri mezani kwangu, kifudifudi.
Nyuma ameandika kwa penseli:

*Karatasi nimepewa, kwa muhuri wa hakika,*
*Fedha sijarejeshewa, miezi yahesabika,*
*Neno lisipotendewa, ni povu lachuruzika,*
*Panya asipotishiwa, paka huyo kachoreka.*

Nilipaswa kuitia failini.
Nikaiweka mbele ya mwenyekiti, shairi juu, amri chini.

Uamuzi wake haukujaza ukurasa.
Haki ya huyu mama ilizaliwa siku ile ya moshi,
na sheria ikifutwa haifuti yaliyokwisha kuzaliwa chini yake.
Aliyepewa ulimi wa kuamuru hakunyimwa mkono.
Alipe, au akae ndani mwezi mmoja.

Kitsao akachagua ndani.
Sikulitarajia hilo. Wala wakili; viatu vyake vilinyamaza ngazi nzima.
Siku thelathini Shimo la Tewa, akatoka,
akafungua duka siku hiyo hiyo, saa tatu.

Saa nne Bi Mwanamkasi yuko mbele yangu.
"Amefungwa, amefunguliwa. Sasa mimi?
Kifungo chake hakigandishi barafu."

Nikavuta kiti. Nikamweleza polepole, kama ninavyojieleza mwenyewe:
ile adhabu ilikuwa ya baraza, kwa kudharauliwa kwake.
Deni ni lako, lingali zima, jela haikulila hata senti.
Kuna fomu nyingine, ya kukamata mali.
Madalali hutoka Jumanne.
"Ana nini cha kukamatwa?" nikauliza.
Hakufikiri. "Jenereta moja, mizani mbili, friji saba.
Sita zinafanya kazi. Ile ya saba ni yangu."

Nikachovya muhuri, nikabonyeza kwa uzito wangu wote,
chai ikatikisika kikombeni.
Akaipuliza wino ukauke.
Safari hii hakuikunja. Aliishika kwa ncha za vidole,
akashuka ngazi akiihesabu Jumanne:
Ijumaa, Jumamosi, Jumapili.